Posa ya Mpiga Ndoo

Mie Muhdhar nauza mabomba. Mabomba, koki, matangi, na gundi ya kuziba yale yanayovuja. Duka liko Buguruni, mwaka wa ishirini na sita huu, na mteja akiniuliza nauza nini nanyoosha kidole tu, anaona mwenyewe. Ndiyo maana siku Projestus aliponiomba niwe mshenga wake nilipaswa nikatae palepale. Mshenga anabeba barua ya posa, anakaa mbele ya wazee wa binti, na swali la kwanza analopigwa ni mwoaji anafanya kazi gani. Sasa kazi ya Projestus hakuna binadamu anayeweza kuinyooshea kidole. Lakini mdomo wangu mie unakubali kwanza, akili inafika baadaye.

Projestus ni mpangaji wangu wa uani, pale Boko. Mhaya wa Muleba, miaka thelathini na sita, mpole mpaka anakera. Siku anahamia aliniambia, "Ami, mimi natunga muziki wa filamu." Makubwa! Nikamwambia mke wangu, Bi Mahfudha, ajiandae, nyumba yetu sasa itakuwa inaingia mastaa. Maskini Mahfudha akakaanga sambusa. Staa hata mmoja hajatia mguu mpaka leo. Kilichoingia ni kigari cha kirikuu kimejaa trei za mayai, trei tupu, na bwana mkubwa akazibandika ukutani kote mpaka darini.

"Huyu anataka kufuga kuku?" Mahfudha akaniuliza.

Nikamwambia kuku wangekuwa afadhali, kuku anaeleweka.

Kumbe trei ni za kuzuia mwangwi. Nikamfuata, nikamuuliza vizuri kama mtu mzima, huo muziki wako ni muziki gani? Taarabu? Kwaya? Singeli? Akatabasamu kwa huruma, kama daktari anayejua wewe ndugu yangu ugonjwa wako hutauelewa.

"Ni muziki wa kujenga hali, Ami. Mtazamaji hatakiwi kuusikiliza. Anatakiwa awe ndani yake bila kujua."

"Sasa asipousikia atajuaje kama upo?"

"Akigundua upo, nimekosea."

Subhanallah. Mie nikimuuzia mtu bomba lisiloonekana ananiitia polisi.

Na angalia mahali alipochagua kufanyia hiyo kazi ya ukimya. Boko! Kushoto kwetu msikiti, kulia kanisa lenye spika za kutolea mapepo, nyuma fundi wa kuchomelea mageti, mbele barabara ya Bagamoyo na malori yake ya kokoto. Projestus alikuwa anaiba sauti katikati ya kelele, dakika mbili hapa, dakika tatu pale. Saa za adhana alizijua kuliko mie. Niko barazani natafuna kashata zangu, anachomoa kichwa dirishani: "Ami, Adhuhuri bado dakika nne, nazima mashine." Mie, mjukuu wa Mhadhrami, nikawa nakumbushwa sala na Mkatoliki.

Friji yangu ndiyo usiseme. Mahfudha anauza barafu, na friji yenyewe ilianza kulia, ule mlio wa chombo kinachoaga dunia. Nikamleta fundi. Projestus akasimama mlangoni kabisa, kafungua mikono.

"Usiitengeneze, Ami, nakuomba. Siku tatu tu. Inaimba."

"Inaimba? Mwanangu, hiyo inakufa!"

Akairekodi siku tatu. Kipaza sauti alikivika soksi ili upepo usiingie, na ile soksi ilikuwa yangu. Barafu ikayeyuka, wateja wakahamia kwa jirani, na Mahfudha akaninunia mie, siyo yeye. Yeye alikuwa anaitwa "yule kijana mwenye heshima zake." Heshima gani, soksi za watu hazirudishi.

Nisimpake matope bure, kazi alikuwa anaitiwa. Alikuja mtengeneza filamu mmoja anaitwa Isack, miwani ya jua ndani ya chumba, akasema, "Braza, mwanamke anaachwa, niwekee wimbo unaosema ameachwa." Projestus akamuuliza, si tunamwona ameachwa? Isack akajibu, "Watu wengine wanaangalia huku wanapika." Hoja nzito ile, mie nilimpa alama zote. Projestus akakataa kazi. Wakaja wengine wa hivyohivyo, akawakataa kwa upole wake wa kukera, mpaka wakabaki vichaa wenzake, wale wanaotengeneza filamu kwa kamera ya kuazima na waigizaji wao ni shangazi zao.

Kichaa mkubwa kuliko wote ni Najat, binti wa Kawe, mdogo wa umbo, sigara haivuti lakini macho ya mvuta sigara. Alitengeneza filamu ya mjane. Hakuna kofi, hakuna mganga, hakuna gari jeusi. Mjane tu, na nyumba yake. Kila asubuhi kwa miaka yote alikuwa anamtengea mumewe maji ya kuoga, na mume amekufa, na mkono haujazoea. Ndiyo filamu nzima hiyo. Projestus akakaa siku tisa uani kwangu na ndoo. Anafungulia koki, anarekodi maji yakijaa. Anamwaga. Anafungulia tena. Nikamwambia koki ile naiuza dukani, kama ina hitilafu aseme nimbadilishie. "Koki nzuri sana, Ami," akasema, "inashuka taratibu." Mteja pekee katika miaka ishirini na sita aliyesifia koki yangu kwa sauti yake.

Sasa Sekela. Mwalimu wa shule ya msingi palepale Boko, Mnyakyusa, ana shahada yake, ana sauti ya kunyamazisha darasa la watoto tisini. Alikuja kununua barafu siku zilezile za msiba wa friji. Akamkuta Projestus kapiga magoti mbele ya friji na vipokea sauti masikioni. Mwanamke mwenye akili timamu angekimbia. Yeye akauliza, "Unasikiliza nini?" Projestus akampa vipokea sauti. Akasimama pale robo saa nzima, mfuko wa barafu unamwagikia miguuni. Mahfudha akanifinya. "Huyu ndiye," akasema. Mie nikaona wamekuwa wawili sasa, Mungu atunusuru.

Mwaka na nusu ukapita. Siku moja Sekela akaja dukani kwangu Buguruni, kafunga safari yote ile, akakaa juu ya ndoo ya rangi.

"Shikamoo, Baba Aya," akasema, kwa jina la mwanangu wa kwanza.

"Marahaba, mwalimu. Kuna nini?"

Kulikuwa na barua nyingine. Elibariki fulani, anatoa mizigo ya watu bandarini, ana kiwanja Goba na gari lenye vioo vya giza. Wazazi wake Elibariki wameshapeleka barua kwa baba yake Sekela, na mzee amesema mwisho wa mwezi anajibu barua moja. Kama ya Projestus haijafika, au imefika haijaeleweka, basi.

"Na wewe huwezi kusema hapana?" nikamuuliza.

"Naweza. Lakini siolewi nje ya mkono wa baba, Baba Aya. Sijalelewa hivyo. Baba akimkataa Projestus, siendi kwa yule wala siendi kwa huyu. Nitakaa." Machozi yakamtoka, mwalimu mzima, mbele ya wateja wa viungio vya nusu inchi. "Nenda wewe. Wewe unajua kusema."

Kujua kusema! Ndugu zangu, hayo ndiyo maneno yaliyonimaliza.

Nikaenda Kawe, nimevaa kanzu yangu ya Idi, barua kwenye bahasha, bahasha kwenye leso. Mwoaji mwenyewe haendi, hiyo ndiyo desturi, anabaki nyumbani kutafuna kucha. Mzee Stanley Mwasongwe akanipokea, karani mstaafu, miaka sabini na moja, mgongo umenyooka kama rula. Mshahara wake wote wa ujanani aliupata kwa ukarani, lakini ukimuuliza yeye ni nani atakwambia ni mpuliza tarumbeta wa Moravian, sauti ya besi. Tarumbeta lenyewe liko kabatini sebuleni, linang'aa kuliko vyombo vya wageni. Pembeni yake Mama Sekela, kimya, mikono mapajani. Na pembeni yao Shangazi Gladness, ambaye ndiye serikali.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba, Sheikh. Karibu." Akavaa miwani, akaisoma barua mpaka chini. "Hapa ameandika mtunzi wa muziki wa filamu. Anaimba?"

"Haimbi, mzee."

"Afadhali." Akashusha pumzi kabisa. "Anapiga nini?"

Hapo nilitakiwa niseme kinanda. Kinanda anapiga, kanisani kwao, kila Jumapili, watu wanamwona. Mdomo wangu mie ukasema, "Ndoo."

"Ndoo?"

"Ndoo ya maji, mzee. Na friji. Friji yenyewe ni yangu."

Shangazi Gladness akacheka mpaka akashika mbavu. "Sheikh, unatuposea mwanamuziki au fundi friji?"

Mzee Stanley hakucheka. "Mshenga. Muziki una sauti nne. Ya kwanza, ya pili, ya tatu, besi. Wa huyu kijana una ngapi?"

"Moja, mzee. Na hiyo moja ikisikika, anasema amekosea."

Nikaona uso wa yule mzee unafungwa kama duka siku ya msiba. Wallahi nilitamani sakafu inimeze na kanzu yangu. Akakunja barua, akaiweka juu ya meza, akaikandamiza na kitabu cha nyimbo.

"Nina barua ya mtu ambaye kazi yake naijua. Nina barua ya mtu ambaye kazi yake hata mshenga wake haijui. Sitaki kumwonea. Jumamosi, saa kumi, lete hiyo filamu, tutakaa ukoo wote. Tukiusikia huo muziki tutazungumza. Tusipousikia, utaondoka na barua yako."

Nikamrudishia Projestus masharti yale. Muziki ambao kazi yake yote ni usisikike, inabidi usikike, Jumamosi, saa kumi. Nilidhani atalia. Akanipa flashi ndogo nyeusi.

"Ami, wawekee tu. Angalia spika iwe nzima. Na usiwaelezee, hasa pale kwenye maji. Nakuomba hilo moja. Pale asiongee mtu."

"Niachie mie," nikamwambia.

Alhamisi nikaiweka dukani niitazame kwanza. Nitasema kweli yote: dakika ya kumi na tano nilikuwa nakoroma, kichwa juu ya katoni ya koki. Nilipoamka mjane bado anafagia. Nikajiambia, Muhdhar, wazee wa Mbeya, wameshiba, saa kumi ya jioni, joto la Kawe, hawa hawatafika dakika ya kumi. Kijana anakwenda kumpoteza mke kwa kuwa hataki mtu aongee. Mtu mzima lazima aingilie.

Na mtu mzima akaingilia. Mtaa wa pili kutoka dukani kwangu kuna Apolinari. Kazi yake ni kutia maneno ya Kiswahili kwenye filamu za watu, za Kihindi, za Kichina, za Kikorea. Kikorea hajui hata salamu, na hajawahi kupata malalamiko. Anaongea risasi zikilia, anaongea watu wakibusiana, anaongea mpaka majina ya mwisho yanapopanda, anakwambia huyu aliyeshika taa ni binamu yake mkurugenzi. Nikampa flashi.

"Apolinari, hii ongea mwanzo mwisho. Pasipo na maneno, tia maneno. Usinyamaze hata ukiishiwa."

"Bosi, mie kuishiwa?" Akaniangalia kama nimemtukana.

Jumamosi mchana nikaichukua. Nikajaribu dakika mbili za mwanzo, sauti safi, nzito, inaita. Nikajiona mjanja hasa, hata sala ya Adhuhuri siku ile niliisali kwa raha.

Sebule ya Mzee Stanley ilijaa. Wajomba wawili, binamu kadhaa, shangazi na kikao chake chote. Mama Sekela kwenye kiti chake kilekile. Sekela mwenyewe alikuwa anapitisha juisi kwenye trei, haniangalii. Nikachomeka flashi kwenye TV, nikakaa karibu na mlango, kwa usalama.

Filamu ikaanza. Ua wa nyumba ya Kawe, alfajiri, mjane anafagia, jogoo anapita.

"Naaam, mtazamaji!" Apolinari akanguruma. "Huyu mama unayemwona hapa ni mjane, yaani mume kashatangulia. Na huyu jogoo ni wa jirani, hahusiki!"

Wajomba wakaangua kicheko. Shangazi Gladness akapiga paja. Watu wakajiweka sawa vitini, macho yamewatoka, hakuna wa kusinzia. Nikasema moyoni, Muhdhar, wewe ni noma. Apolinari akaenda nayo. Mjane akikuna nazi anamsimulia nazi. Jirani akiingia anamkaribisha yeye. Dakika kumi, dakika ishirini, sebule inacheka kama harusini.

Mzee Stanley akaniinamia.

"Huyu ndiye kijana wako?"

"Hapana, mzee. Huyu ni... anasaidia tu."

"Na muziki uko wapi? Mimi nasikia mtu mwenye domo."

Ndipo akili yangu ikafika, imechelewa kama kawaida yake. Domo na muziki vilikuwa vimemiminwa pamoja, siwezi kupunguza kimoja nikaacha kingine. Siku tisa za ndoo, siku tatu za friji, mwaka na nusu wa watu wawili kupendana, vyote nimevipaka gundi kwa mkono wangu. Nikageuka. Sekela alikuwa amesimama kwenye korido na trei yake tupu, ananitazama mie, siyo TV. Aliijua filamu ile, aliisikiliza na Projestus mara ngapi sijui. Niliona aibu ambayo sijawahi kuiona tangu nizaliwe, na nimefanya biashara Buguruni.

Filamu ikaendelea. Arobaini imepita, ndugu wamefungasha, nyumba imebaki yeye. Asubuhi, mjane anachukua ndoo, anafungulia koki. Maji yanajaa taratibu. Anabeba ndoo mpaka bafuni, anaweka sabuni, anatundika taulo msumarini, anarudi mlangoni, na anaita kama anavyoitaga kila siku, bila kufikiri, "Maji tayari."

"Na hapa mtazamaji," Apolinari akasema, "mama anatenga maji ya kuoga, sasa sijui anamtengea nani jamani, maana mzee mwenyewe ndiyo kashaa..."

Akakatika.

Nikadhani TV imeharibika. Haikuharibika, mjane bado amesimama mlangoni na mkono wake umeshika fremu. Tukamsubiri Apolinari amalizie. Ukimya ukawa mrefu. Halafu siyo ukimya. Kulikuwa na kitu mle sebuleni, chini kabisa, sikuweza kukishika kinatoka wapi. Mie naijua friji yangu, nimelala nayo nyumba moja miaka minane, na najua aliitia humo, nikaitafuta kwa masikio yote mawili na sikuipata. Ilikuwa tu kama mtu ametoka sasa hivi na kiti bado kina joto.

Mjomba mmoja alikuwa ameinua glasi ya juisi, haikufika mdomoni wala haikurudi mezani. Mjane akasimama, akasimama. Tukasikia mtu anavuta kamasi. Nikageuka nione ni nani, na hakuna aliyekuwa ameshika pua. Ilikuwa inatoka kwenye TV. Ni Apolinari, huko kibandani kwake Buguruni.

Mjane akaingia bafuni, akaibeba ile ndoo kwa mikono miwili, akaenda kuyamwaga maji kwenye mchicha, polepole, mpaka tone la mwisho. Nikamwona Mzee Stanley anamgeukia mkewe. Mama Sekela hakumwangalia, alikuwa anatazama sakafu, na kanga ameibana mdomoni. Mie nikamkumbuka Mahfudha. Asubuhi ileile nilikuwa nimemfokea, mbele ya mpangaji, kwamba maji yangu ya kuoga yamepoa. Nikalia. Sijui nianze kudanganya nini hapa, nililia, kanzu ya Idi na kila kitu.

Majina yakapanda, yakaisha, TV ikawa nyeusi. Hakuna aliyeinuka. Shangazi Gladness, serikali nzima, alikuwa anajipangusa na kitambaa cha meza.

Mzee Stanley akakohoa. "Yule mwenye domo. Kwa nini alinyamaza?"

Nikakiri. Nikasema kila kitu: nilimtuma mie, kijana hajui, kijana aliomba jambo moja tu, asiongee mtu, na mie nikamletea muongeaji wa kupasua spika. Nikamwambia mzee kama ni kukataa unikatae mie.

"Mpigie," akasema.

Nikampigia Apolinari, nikaweka sauti ya nje. Kabla sijauliza, akaanza yeye: "Bosi, nisamehe. Najua kazi haijakamilika. Nilifika pale kwenye maji nikasahau kama niko kazini. Nilisahau kabisa. Leo narudia, nitajaza pale pote..."

"Asirudie!" Mzee Stanley akasema, kwa sauti ya besi.

Nikakata simu. Mzee akavua miwani, akaifuta, akaivaa, akaivua tena.

"Mimi nimepuliza kwenye mazishi miaka thelathini na moja. Rungwe, Mbeya, mpaka hapa Dar. Tunasimama kaburini, tunapuliza sauti zote nne mpaka mishipa inasimama. Na watu nyuma yetu wanaulizana bei ya mahindi." Akalitazama tarumbeta kabatini. "Hata mmoja sijawahi kumnyamazisha. Hata mmoja, Sheikh."

Mie nikajifuta macho kwa ile leso ya bahasha.

"Mama Sekela," mzee akamgeukia, "wewe unasemaje?"

Mama Sekela hakuwa amefungua mdomo mbele yangu tangu ile siku ya kwanza. Akashusha kanga. "Aje nimwone," akasema. "Huyo kijana aje nimwone mwenyewe."

Shangazi Gladness akapiga kigelegele kimoja, chembamba, cha kulialia. Mzee akainua kitabu cha nyimbo, akaitoa barua yetu chini yake, akaitia mfuko wa shati. Ile nyingine akampa shangazi airudishe ilikotoka, kwa adabu. Huko kwenye korido trei ilianguka chini, na hakuna aliyeuliza ni nani.

Nilifika Boko jua bado lipo. Projestus alikuwa kakaa kizingitini kwa chumba chake, kavaa shati la kanisani kana kwamba yeye ndiye aliyeitwa.

"Wamekubali," nikamwambia. "Mama mtu anataka kukuona."

Mwanaume mwingine angeruka juu. Huyu akauliza, "Waliusikia?"

"Nakuletea mke, weye unaniuliza habari za muziki?"

"Ami. Waliusikia?"

Nikamwambia. Sikuficha kitu, jogoo wa jirani asiyehusika, nazi, domo lote. Nimekaa na kijana yule miaka minne sijawahi kumwona amekasirika, na siku ile nilimwona. Midomo ilimgeuka rangi.

"Nilikuomba kitu kimoja," akasema. Akainuka, akaingia ndani, akafunga mlango.

Nikabaki nje nazungumza na mbao. Nikamwomba radhi, mie mwenye nyumba, kwa sauti, Mahfudha anasikia, majirani wanasikia. Nikamwambia wewe nitukane, ni haki yako. Muda ukapita. Halafu sauti yake ikatoka nyuma ya mlango, ndogo.

"Alinyamaza wapi?"

"Pale kwenye maji. Mama akishaita."

"Alikuwa anasema nini?"

"Alikuwa anasema mzee kashakufa. Hakulimaliza neno."

Nikasikia anausogelea mlango.

"Akaanza tena wapi?"

"Hakuanza tena, mwanangu," nikamwambia. "Mpaka filamu inakwisha."